Mtu wa Tatu katika Shauri la Kugawana Mali: Istilahi, Kanuni na Mfano wa Kilwa Kisiwani

IKISIRI

Makala hii inachunguza kanuni ya kuwaunganisha watu wengine katika shauri la kugawana mali isiyohamishika, pamoja na maneno ya Kiswahili yanayotumika kuieleza kanuni hiyo. Hoja kuu ni kwamba usemi "mtu wa tatu", kama unavyotumika mabarazani na mahakamani, umekusanya chini yake watu wa aina nne ambao sheria ya Tanzania inawatenga. Mkanganyo huo wa jina huzaa mkanganyo wa utaratibu, na matokeo yake huwa ama hukumu inayobatilishwa baada ya miaka mingi, ama shauri dogo linalogeuzwa kuwa kubwa bila sababu. Mfano unaotumika ni wa Kilwa Kisiwani, ambako shamba moja la minazi laweza kuwa na warithi waliotawanyika, mnunuzi, mwenye miti, na gofu la kale linalolindwa kwa sheria.

1.0 UTANGULIZI

Waswahili husema: asiyekuwepo na lake halipo. Methali hii inaeleza jambo linaloonekana kila siku katika mgawo wa chakula, wa samaki, na hata wa urithi. Katika shauri la kugawana mali, hata hivyo, kanuni ya mahakama inashikilia kinyume chake. Asiyekuwepo lake lipo, na kwa kuwa lipo, waliokuwepo hawawezi kukata mafungu yao mpaka yeye aitwe.

Kanuni hiyo haina budi kuelezwa kwa Kiswahili kilicho wazi. Kwa miaka mingi Mahakama za Mwanzo za Tanzania Bara zilisikiliza mashauri kwa Kiswahili, ilhali kumbukumbu na hukumu za mahakama za juu ziliandikwa kwa Kiingereza. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya utoaji haki, ingawa yaliacha nafasi ya kutumia Kiingereza pale inapohitajika. Kwa sababu hiyo, maneno ambayo zamani yalikuwa ya mazungumzo ya barazani sasa yanabeba mzigo wa istilahi. Kazi ya kuandaa istilahi hizo haikuanza leo. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilitoa orodha ya istilahi za sheria mwaka 1968, na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilichapisha Kamusi ya Sheria mwaka 1999. Lakini orodha ya maneno haitoshi. Neno la sheria hujulikana maana yake pale linapomfungia mtu mlango au kumfungulia.

Kilwa Kisiwani ni mahali panapofaa kwa uchunguzi huu, kwani suala la nani aulizwe ardhi inapobadili mikono limo ndani ya masimulizi ya kuanzishwa kwa mji wenyewe. Masimulizi ya Kiswahili ya habari za kale za Kilwa, yaliyochapishwa na Carl Velten mjini Berlin mwaka 1907, yanawataja Wamtakata na Wamranga kuwa wakazi wa mwanzo, kisha Mrimba na watu wake Wamachinga. Katika kupewa kisiwa Sultani Ali bin Selimani kwa thamani ya nguo, anayezungumza kwa upande wa wenyeji ni Mrimba peke yake. Aidha, masimulizi hayo hayaridhiki na mauzo. Yanaongeza kwamba Sultani alimwoa binti wa Mrimba, na kwamba mjukuu alipokua, babu alimkabidhi mamlaka yake. Hivyo kisiwa kinapatikana mara mbili: kwa nguo na kwa damu. Msimulizi alielewa kwamba ununuzi kutoka kwa mtu mmoja huacha swali kuhusu wengine, na kwamba swali hilo hutulia pale haki zote zinapokutana kwa mtu mmoja. Mahakama ya leo hulijibu swali hilo hilo kwa njia ya kuwaunganisha wahusika.

2.0 MANENO YA SHAURI

Kabla ya kuingia katika kanuni, yafaa kubainisha maneno yatakayotumika. Neno "shauri" lina maana mbili katika Kiswahili: ushauri unaotolewa na watu waliokaa pamoja, na kesi iliyofikishwa mahakamani. Anayelianzisha ni mdai, anayejibu ni mdaiwa, na wote kwa pamoja ni wadaawa. Neno "daawa" lina asili ya Kiarabu na limekaa katika Kiswahili cha mwambao kwa karne nyingi. Maandishi yanayoanzisha shauri ni hati ya madai. Mwishoni mahakama hutoa hukumu, yaani maelezo ya uamuzi na sababu zake, na tuzo, yaani amri rasmi inayotokana na hukumu hiyo, ambayo ndiyo inayotekelezwa.

Tofauti kati ya hukumu na tuzo ni muhimu kwa mada hii. Hukumu inaweza kuwa na mantiki nzuri na bado tuzo yake isitekelezeke, kwa sababu inamgusa mtu ambaye hakuwa mdaawa. Msingi unaokubalika ni kwamba tuzo huwafunga wadaawa na wale wanaopata haki zao kupitia kwao. Dalali wa mahakama anapofika shambani na kukuta mtu asiyetajwa katika tuzo akidai kwamba mwembe ule ni wake, kazi yake husimama, na shauri jipya huanza juu ya lile la zamani.

"Kuunganisha" ni neno lililozoeleka kwa kitendo cha kumwingiza mtu katika shauri. Ni neno zuri, lakini halisemi mtu huyo anaingizwa akiwa nani. Hapo ndipo usemi "mtu wa tatu" unapoingia, na ndipo matatizo yanapoanzia.

3.0 KWA NINI MGAWANYO NI SHAURI LA PEKEE

Katika shauri la deni, mkopeshaji mmoja anaweza kumdai mkopaji wake bila kuwaita wakopeshaji wengine. Akishinda, hakulipunguza deni la mwenzake. Shauri la mgawanyo haliko hivyo. Ndani yake kila mdai ni mdaiwa, na kila mdaiwa ni mdai, kwa kuwa fungu la mmoja hujulikana tu baada ya kujulikana mafungu ya wote.

Chukua mfano wa kubuni. Mtu wa Kilwa Kisiwani amefariki akiacha mjane, wana wawili wa kiume na binti wawili. Mirathi ilifunguliwa Mahakama ya Mwanzo na kufungwa. Msimamizi wa mirathi aliwakabidhi warithi shamba lenye minazi 240 wawe nalo kwa pamoja, bila kulikata. Miaka ikapita. Mwana mmoja sasa anataka fungu lake, naye anawashtaki kaka yake, mama yake na dada mmoja. Dada wa pili, ambaye anaishi Unguja, hakumtaja, kwa hoja kwamba alikwisha kupewa chake kwa fedha.

Kwa sheria ya Kiislamu ya mirathi, mjane aliyeachwa pamoja na watoto hupata thumni, yaani moja ya nane, na kilichobaki hugawiwa watoto, mwanamume akipata mara mbili ya mwanamke. Ikiwa minazi ndiyo kipimo, mjane atapata 30 na watoto watabakiwa na 210. Mahakama ikiamini kwamba watoto wenye haki ni watatu tu, kila mwana atapata minazi 84 na binti 42. Ikiwa watoto ni wanne, kila mwana atapata 70 na kila binti 35. Kwa hiyo kutokuwapo kwa dada mmoja kumebadili fungu la kila mtoto. Hata mjane, ambaye hesabu yake haikubadilika, ameguswa, kwani minazi 30 iliyo karibu na kisima si sawa na minazi 30 iliyo ukingoni mwa mikoko, na mahali pa fungu lake hutegemea mafungu mengine yamewekwa wapi.

Ikumbukwe kwamba hoja ya mdai inaweza kuwa ya kweli. Pengine dada huyo alipokea fedha na kuridhika. Lakini jambo hilo ni la kuthibitishwa mbele yake, naye awe na nafasi ya kulikana. Mahakama ikiliamua bila kumwita, itakuwa imemnyang'anya minazi 35 kwa neno la mtu anayefaidika na kunyang'anywa kwake. Aidha, kwa kuwa tuzo haitamfunga, akirudi kesho na kudai, wenzake wote watalazimika kuanza upya. Kumwita kunamlinda asiyekuwepo, na kunawalinda vilevile waliokuwepo.

4.0 WATU WANNE WANAOITWA "WA TATU"

4.1 Mdaawa wa lazima

Wa kwanza ni yule ambaye bila yeye mahakama haiwezi kutoa tuzo inayofaa kitu. Katika uamuzi wa Marejeo ya Madai Na. 6 ya mwaka 2017, Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilieleza vigezo viwili vya kumtambua: iwepo nafuu inayodaiwa dhidi yake kuhusu jambo lililomo katika shauri, na mahakama isiweze kutoa tuzo yenye nguvu akiwa hayupo. Dada wa Unguja anatimiza vyote viwili. Yeye ni mshirika katika mali, na kumwita "mtu wa tatu" ni kosa la kuhesabu. Ni mmoja wa wenye shamba tangu siku ya kwanza, ila jina lake liliachwa.

Aina hii inamhusu pia mnunuzi. Ikiwa kaka mdaiwa aliuza sehemu ya shamba kabla ya shauri, na mdai anataka sehemu hiyo irudishwe ili igawanywe, mnunuzi hana budi kuunganishwa. Katika uamuzi uliochapishwa katika Ripoti za Sheria za Tanzania za mwaka 1983, ukurasa wa 103, Mahakama Kuu ilisema kwamba katika shauri la kudai ardhi iliyokwisha kuuzwa, mnunuzi na muuzaji wote wawili washtakiwe pamoja, na kwamba kumwacha mnunuzi ni kasoro inayoua shauri.

Mtu anaweza kuuliza: Je, Amri ya Kwanza, Kanuni ya 9, ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai (Sura ya 33) haisemi kwamba shauri halitashindwa kwa sababu tu ya kuunganishwa au kutounganishwa kwa wadaawa? Inasema hivyo. Lakini katika uamuzi uliotajwa hapo juu, Mahakama ya Rufani ilifafanua kwamba msamaha huo unawahusu wadaawa ambao si wa lazima. Kwa hiyo tofauti ya istilahi hapa si ya wanaisimu peke yao. Akiachwa mdaawa wa lazima, Kanuni ya 9 haiokoi shauri.

4.2 Mdaawa afaaye

Wa pili ni yule ambaye tuzo ingeweza kutolewa bila yeye, lakini uwepo wake unasaidia kumaliza mambo yote kwa mara moja. Katika mwambao si jambo geni kwa mwenye minazi kuwa mtu mmoja na mwenye ardhi iliyo chini yake kuwa mwingine. Ikiwa jirani ana minazi 10 ndani ya shamba la mfano, na warithi wote wanakiri kwamba ni yake, shamba linaweza kugawanywa bila yeye, mradi tuzo itamke kwamba miti hiyo haimo katika mgawo. Kumwita kunafaa, ili aonyeshe miti yake na njia anayopita. Lakini siku mrithi mmoja atakaposema kwamba minazi hiyo ni ya marehemu, jirani atakuwa amehama kutoka aina hii na kuingia ile ya kwanza, kwa kuwa sasa kuna kitu kinachodaiwa dhidi yake. Jambo hili linaonyesha kwamba aina ya mdaawa haitokani na ujirani wala ukoo. Inatokana na yale yaliyoandikwa katika hati ya madai na majibu yake.

4.3 Mtu wa tatu hasa

Wa tatu ndiye anayestahili jina hilo kwa maana yake ya kisheria. Huyu haitwi na mdai, na mdai hana dai juu yake. Anaitwa na mdaiwa, kwa taarifa inayotolewa kwa idhini ya mahakama chini ya Kanuni ya 14 ya Amri hiyo hiyo, kwa sababu mdaiwa anadai kwamba akishindwa, mtu huyo anapaswa kumfidia au kuchangia hasara. Tuseme mnunuzi wa sehemu ya shamba alipewa ahadi ya maandishi na mjomba wa muuzaji kwamba mwenye mali mwingine akitokea, mjomba atarudisha fedha. Mnunuzi akishtakiwa, anaweza kumwita mjomba. Mjomba hana haki yoyote katika shamba, na mgawo unaweza kukamilika bila yeye. Kinachoamuliwa juu yake ni ahadi yake tu. Neno "tatu" lina maana hapa, kwani mdai ni wa kwanza, mdaiwa ni wa pili, na mjomba anasimama nyuma ya wa pili.

4.4 Shahidi

Wa nne si mdaawa kabisa. Mzee anayeijua mipaka tangu enzi za babu wa marehemu, au kiongozi wa kijiji aliyeshuhudia mauzo, ni mtu muhimu sana, pengine kuliko wadaawa wote. Lakini umuhimu wa ushahidi wake haumpi haki katika mali wala haumtwishi wajibu. Aitwe kwa samansi ya ushahidi, aseme ayajuayo, aende zake. Akiunganishwa kuwa mdaiwa, atajikuta akijibu madai asiyohusika nayo na kutishiwa gharama za shauri, na mara nyingine atachelea kusema kweli.

5.0 MFANO WA KILWA: GOFU NDANI YA SHAMBA

Yaliyosemwa hapo juu yanaweza kutokea Mafia, Pangani au Bagamoyo. Kilwa Kisiwani inaongeza jambo lake. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1981. Mwaka 2004 yaliwekwa katika orodha ya urithi ulio hatarini, na mwaka 2014 yakaondolewa humo baada ya kazi za uhifadhi. Msikiti Mkuu, Husuni Kubwa, Makutani na Gereza vinajulikana na kila mgeni, lakini masalia ya mji wa kale hayakukusanyika mahali pamoja. Wanakijiji wanaishi, wanalima na kuzika kati ya kuta za matumbawe. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inalinda majengo yaliyojengwa kabla ya mwaka 1863, na usimamizi wa eneo, ambao kwa miaka mingi ulikuwa chini ya idara ya serikali inayoshughulikia mambo ya kale, umekabidhiwa Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori Tanzania (TAWA).

Tuseme sasa kwamba ndani ya shamba la minazi 240 umo ukuta wa nyumba ya kale. Je, wasimamizi wa magofu waunganishwe? Jibu la haraka ni "ndiyo, ili mambo yawe salama". Jibu hilo lina gharama ambayo haionekani mara moja.

Kwa mujibu wa Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali (Sura ya 5), kama ilivyorekebishwa mwaka 2020, anayekusudia kuishtaki taasisi ya umma, zikiwamo serikali za mitaa, anatakiwa kutoa taarifa ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali kuwa mdaawa wa lazima, na kufungua shauri Mahakama Kuu. Sheria yenyewe inatamka kwamba kutomuunganisha kunabatilisha mwenendo wa shauri. Maana yake ni kwamba jina moja likiongezwa katika hati ya madai, shauri la ndugu wanne, ambalo lingesikilizwa na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, linatoka mikononi mwa baraza hilo. Mjane ambaye angevuka kwa mashua hadi Kilwa Masoko na kuendelea na safari fupi, sasa anahitaji wakili, nauli ya mbali na subira ya miaka. Hali kadhalika, kuunganisha halmashauri ya kijiji kwa sababu tu mwenyekiti alitia sahihi hati ya mauzo kunaweza kuleta matokeo yale yale, ilhali mwenyekiti huyo alihitajiwa kama shahidi tu.

Kwa upande mwingine, kuacha kuunganisha pale inapostahili ni hatari vilevile. Mahakama ya juu ikigundua kwamba taasisi ya umma ilikuwa mdaawa wa lazima, kazi yote ya baraza hufutwa.

Njia ya kutoka ni kurudi kwenye vigezo viwili vya sehemu ya 4.1 na kuvitumia juu ya gofu. Ikiwa warithi wote wanakubali kwamba ukuta unalindwa, kwamba hakuna anayeudai kuwa wake, na kwamba mstari wa mgawo utapita kando yake, hakuna nafuu inayodaiwa dhidi ya wasimamizi wa magofu. Tuzo inaweza kugawa haki za warithi kama zilivyo, yaani zikiwa tayari zimebanwa na sheria ya mambo ya kale, na kutamka hivyo waziwazi. Mtaalamu wa mambo ya kale anaweza kuitwa kama shahidi aonyeshe mipaka ya gofu. Lakini ikiwa mrithi mmoja anadai kwamba ukuta ni sehemu ya fungu lake na anataka kujenga juu yake, au ikiwa mipaka ya eneo lililohifadhiwa yenyewe inabishaniwa, basi mgogoro umekuwa kati ya ukoo na umma. Hapo Serikali ni mdaawa wa lazima, na Mahakama Kuu ndiyo mahali pake. Kinachoamua ni dai lililomo katika hati. Kuwapo kwa ukuta peke yake hakutoshi.

6.0 UTARATIBU WA KUUNGANISHA

Swali la kwanza kwa anayetaka kufungua shauri ni kama shauri lenyewe ni la mgawanyo au la mirathi. Mali ya marehemu ikiwa bado haijakabidhiwa kwa warithi, msimamizi wa mirathi ndiye anayeshtaki na kushtakiwa kwa niaba yake, na mgogoro wa nani ni mrithi hupelekwa katika mahakama ya mirathi. Baraza la ardhi halina mamlaka ya kuamua urithi. Katika mfano wetu mirathi ilikwisha kufungwa, na ndiyo maana warithi wanakutana kama washirika wa mali.

Hatua inayofuata ni usuluhishi. Tangu marekebisho ya mwaka 2021, Baraza la Kata halitoi tena uamuzi katika migogoro ya ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha, na likishindwa hutoa uthibitisho wa kushindwa ili shauri liende Baraza la Wilaya; siku 30 zikipita bila suluhu, shauri linaweza kufunguliwa huko hata bila uthibitisho huo. Yafaa kukumbuka kwamba suluhu ni mapatano, na mapatano huwafunga walioyakubali. Suluhu ya ndugu watatu juu ya shamba la ndugu wanne na mama yao haifungi watano. Kwa hiyo hesabu ya wahusika ifanyike kwenye baraza la usuluhishi, kabla karatasi ya kwanza haijaandikwa.

Shauri likiwa limekwisha funguliwa, Amri ya Kwanza, Kanuni ya 10(2), inaipa mahakama uwezo wa kumwongeza aliyestahili kuwapo au kumwondoa aliyeingizwa isivyopasa, katika hatua yoyote, kwa maombi ya mdaawa au kwa hiari ya mahakama yenyewe. Mabaraza ya Wilaya nayo huitumia sheria hii pale kanuni zao zinapopungukiwa. Kwa kawaida mdai ndiye huchagua wa kumshtaki, lakini uchaguzi wake hauwezi kuizuia mahakama kumwita mdaawa wa lazima. Mshirika asiyetaka kuwa mdai huingizwa kuwa mdaiwa, na hilo halina aibu, kwani katika mgawanyo mdaiwa naye hupewa fungu lake.

Baada ya mtu kuongezwa, hati ya madai hurekebishwa, naye hupelekewa samansi pamoja na nakala. Dhidi yake, shauri huhesabiwa kuanza siku aliyopelekewa samansi hiyo. Kwa kuwa muda wa kudai ardhi ni miaka 12 chini ya Sheria ya Ukomo wa Muda ya mwaka 1971, kuchelewa kumuunganisha mnunuzi kunaweza kumpa kinga ambayo asingekuwa nayo kama angeitwa mapema. Vilevile, mdaawa anayeona kwamba kuna aliyeachwa anatakiwa na Kanuni ya 13 kusema mapema iwezekanavyo. Mdaiwa anayenyamaza makusudi ili aje kulitumia kosa hilo katika rufani anacheza na mali yake mwenyewe, kwani shauri likianza upya, naye anaanza upya.

Wahusika wakiwa wengi mno wenye haki ya namna moja, mathalani wazao wa tumbo moja waliofikia makumi, Kanuni ya 8 inaruhusu wachache wawawakilishe wengi kwa ruhusa ya mahakama, baada ya wote kupewa taarifa. Njia hii inafaa pale maslahi yao yanapolingana. Haifai pale ambapo mwakilishi anagombea minazi ile ile na anaowawakilisha.

7.0 HITIMISHO

Makala hii imeonyesha kwamba usemi "mtu wa tatu" unaficha tofauti nne: mdaawa wa lazima, mdaawa afaaye, mtu wa tatu hasa, na shahidi. Inapendekezwa kwamba katika uandishi wa hukumu na ufundishaji wa Kiswahili cha sheria, usemi huo ubakizwe kwa yule anayeitwa na mdaiwa kwa ajili ya fidia, na wengine waitwe kwa majina yao. Pendekezo hili lina faida ya kivitendo. Karani wa baraza anayeandika "mdaawa wa lazima" analazimika kujiuliza kama tuzo ingekatika bila mtu huyo, ilhali anayeandika "mtu wa tatu" hajiulizi lolote.

Kwa mfano wa Kilwa Kisiwani, imeonekana pia kwamba makosa ni mawili na yanavuta pande mbili. Kumwacha mshirika kunavunja tuzo. Kumwingiza asiyehitajika, hasa taasisi ya umma, kunaliondoa shauri mahali ambapo wenye shamba wanaweza kulifikia. Mizani kati ya makosa hayo ni swali moja, linaloweza kuulizwa kwa Kiswahili chepesi chini ya mwembe kabla ya kuulizwa mahakamani: tukikata hapa, tunamkata nani? Aliye na jibu la swali hilo amekwisha andika orodha ya wadaawa wake, na dada aliyeko Unguja atakuwamo ndani yake.